Aliniimbia Kabatini Mara Kumi na Tisa

Jumapili, Novemba 2018. Acocks Green. Manyunyu tangu alfajiri, yale yasiyomlowesha mtu mara moja bali humtafuna kidogo kidogo.

Kama si mimi, Wafaransa mwaka huu wangekosa wimbo. Nasema hivyo bila kujigamba, maana mwenye kusema kweli hajigambi. Ile singo inayopigwa kwenye redio zao, ile yenye kinanda cha kompyuta na mdundo wa treni, imezaliwa mikononi mwangu, hapa hapa Birmingham, na sauti ya mwisho kabisa mle ndani ni yangu. Rais wao huenda ameshaisikia. Sijaambiwa na mtu kwamba hajaisikia.

Nilitaka leo niandike hayo tu. Nikachemsha chai, nikavaa miwani, nikafungua kompyuta, kisha nikakaa saa nzima nikitazama maji yanavyoteremka kwenye kioo cha dirisha.

Nimeumia, jamani.

Shamsa anaondoka Jumanne. Anarudi Ufaransa, na safari hii si likizo. Tangu Ijumaa nampigia simu hashiki. Leo nilimfuata mpaka mlangoni kwake, na yaliyotokea pale mlangoni ndiyo yaliyonikalisha hapa.

Kwa mgeni wa blogu hii: Shamsa ni mtoto wa dada yangu Mwanaisha, Mungu amrehemu. Mwanaisha alitoka Changamwe akaolewa na Mngazija, wakahamia Lille, mji wa Ufaransa ulio karibu na huku, kiasi kwamba ukipanda treni London na chungwa mkononi, hujamaliza kulimenya ushafika. Mume akaenda zake mapema, na yeye hatutamtaja. Mwanaisha akamlea binti peke yake mpaka maradhi yalipomchukua, miaka saba iliyopita. Shamsa akabaki kwa shangazi yake. Alipotimiza umri wa chuo akachagua chuo cha huku, akapanga chumba Selly Oak na wanafunzi wenzake. Watu walimuuliza kwa nini Birmingham, mji wa mvua. Akasema: nina mjomba.

Hilo neno nilitembea nalo mwezi mzima kama medali.

Blogu hii yenyewe ameifungua yeye. Alisema, "Tonton, hadithi zako zitapotea, ziandike." Tonton ndiyo mjomba kwa Kifaransa. Kila nikichapisha kitu, simu yake hupata barua pepe ya kumjulisha. Kuandika Kiswahili hawezi, lakini kusoma anasoma, polepole, midomo ikicheza, kama mtoto wa madrasa mbele ya mwalimu.

Kiswahili chake cha kusema ni cha jikoni: njoo, kula, acha, pole. Kiingereza amekikuta ukubwani. Lugha ya moyo wake ni Kifaransa. Kila Ijumaa alikuja kwangu kula pilau, na mazungumzo yakiwa mepesi tulichanganya Kiingereza na hicho Kiswahili chake. Lakini yakiwa mazito aliinamisha kichwa, akawa anazungusha kijiko kwenye sahani, halafu anaanza Kifaransa. Anasema kwa muda mrefu. Nami nasikiliza, natikisa kichwa, navuta pumzi pale panapotaka pumzi, namjibu "Oui, oui. Oui, ma chérie," yaani ndiyo, ndiyo, mpenzi wangu.

Kwa sababu Shamsa alijua, kama mnavyojua nyote mnaonisoma, kwamba mjomba wake aliishi Paris miaka saba. Mlishasoma hapa jinsi nilivyomfundisha mwoka mikate wa pale kupika mkate wa mofa mpaka akalia kwa furaha.

Sasa niwaeleze singo ilivyotengenezwa, maana nilikuwepo mwanzo hadi mwisho.

Mwezi wa pili alinijia na kinasa sauti kidogo, kimevishwa manyoya kama mtoto wa paka. Akasema anataka sauti ya treni. Alifika kwa fundi mwenyewe! Baba yetu alikuwa mtu wa reli, mimi mwenyewe karibu nizaliwe ndani ya behewa, na siku moja nikiwa darasa la nne nilitengeneza breki ya injini kwa kijiko. Nikampeleka stesheni yetu hii ya Acocks Green. Tukakaa benchini, baridi inakata masikio, tukarekodi treni ikija, milango ikilia, magurudumu yakianza kuvuta. Huo mdundo mnaousikia kwenye wimbo, tu-ku-tu, tu-ku-tu, ndio huo. Mimi ndiye niliyekaa kimya usiharibike, na mnajua kwangu kukaa kimya ni kazi kubwa kuliko kusukuma gari.

Treni ilipokwisha kuondoka, Shamsa akabaki anatazama reli. Akasema kitu kwa Kifaransa, sentensi mbili, labda tatu.

Nikasema, "Oui, oui."

Akageuka akanitazama. "Oui?"

"Oui, ma chérie."

Akajifuta pua kwa mkono wa koti. Nikadhani ni baridi.

Mwezi wa nne tukaingia studio. Studio, nilivyowaambia watu kazini, ilikuwa ya kisasa. Ilikuwa ni chumba chake cha Selly Oak, nyumba ya wanafunzi sita, inanuka soksi mbichi na tambi za kuchemsha. Prodyuza ni Toby, Mwingereza anayeishi chumba cha pili, mpole, nywele zimemfunika macho. Hawa vijana wamegundua kwamba ukisimama ndani ya kabati la nguo lililojaa makoti, makoti yanameza mwangwi na sauti inatoka safi kama ya studio ya pesa nyingi. Basi Shamsa akasimama kabatini, makoti yamemzunguka, milango wazi, maiki mbele ya mdomo. Toby chini sakafuni na kompyuta yake. Mimi nikapewa kitanda, uso kwa uso na kabati, na karatasi na kalamu. Kazi yangu kuchora mstari kila anapomaliza kuimba mara moja.

Nilichora mistari kumi na tisa.

Aliimba akinitazama mimi. Si Toby, si ukuta. Mimi. Na mimi nilimwonyesha dole gumba. Nilitikisa mabega. Katikati nilisema kwa sauti, "Tamu hiyo! Rudia, tia nguvu!" Mara ya kumi na mbili sauti ikamkatika, akafunika uso kwa mkono wa koti moja lililokuwa linaning'inia pale. Nikamwambia Toby kwamba huyu anataka maji ya tangawizi. Mara ya kumi na tisa aliimba bila kutetemeka hata kidogo, kama karani anayesoma majina. Toby akasema hii ndiyo.

Kisha Shamsa akatoka kabatini, akanivisha hedifoni kwa mikono yake mwenyewe. Akapiga magoti mbele yangu pale kitandani, akaniambia jambo kwa Kifaransa, taratibu, ameshika goti langu. Nikasema, "D'accord," yaani sawa. Nikaingia kabatini. Muziki ukaja, ukapanda, ukapanda, halafu ukanyamaza ghafla, na Shamsa akaninyooshea mkono: sasa.

Mimi mtu wa jukwaa, ningefanya nini? Nikanguruma, "Niko hapa! Mjomba wenu niko hapa! Makofi basi!" Nikacheka kile kicheko changu kinachojulikana Changamwe mpaka Mikindani.

Toby alirukaruka, akasema hiyo ni dhahabu. Shamsa alikuwa ametazama chini. Baadaye akasema kwa Kiswahili, "Asante, Tonton. Tutaacha hivyo."

Singo ikatoka mwezi wa tisa, jina lake *Quai 6*. Mimi nikawaambia watu ni wimbo wa raha ya kusafiri, maana treni si inasikika? Nikaipiga kila mahali. Nafanya kazi hospitali moja kubwa upande wa Edgbaston, idara ya kusafirisha wagonjwa, yaani kitanda chochote kinachotoka hapa kwenda pale lazima kipite mikononi mwangu. Niliipiga kwenye lifti. Niliwapigia wauguzi wetu wa Kenya kwenye korido. Sista Wanjiru, mama wa Nyeri mwenye miguu myepesi, alicheza na kitoroli cha dawa mpaka mgonjwa mmoja akapiga makofi kitandani.

"Anko Kassim, haki huyu mwishoni ni wewe?"

"Mimi kamili."

"Na vile tulikuwa tunadhani wewe ni wa mdomo tu!"

"Mdomo huo huo, Sista, ndio umefika Paris."

Huko Ufaransa ikashika moto. Redio ikaipiga, watu wakaandika maoni mengi kwenye mtandao, na kampuni ya muziki ya Paris ikamwita Shamsa akafanye kazi nao. Selly Oak wakamfanyia sherehe kwenye ukumbi wa nyuma wa baa. Mimi nilikunywa maji ya machungwa, nikavaa suti na kofia ya vito. Waingereza wote wakaruka na mdundo. Mimi katikati. Nikaona msichana mmoja wa Kifaransa kasimama kando, analia. Wimbo ulipokwisha akanijia, akanitazama kama mtu anayetazama nyumba iliyoungua. Nikajua anataka sahihi yangu. Nikamwandikia jina langu kwenye kiganja cha mkono. Kwa kalamu ya wino.

Naandika hili na masikio yananiwaka moto.

Ijumaa iliyopita nilikuwa chumba chetu cha mapumziko na Mulumba. Mulumba ni mwenzangu wa kusukuma vitanda, Mkongo wa Lubumbashi, mzee wa kanisa, muziki wa dunia hausikilizi. Ndiyo maana wiki zote hizo alikuwa amenikwepa. Siku hiyo nikamkamata anakula bukari, ndivyo wanavyouita ugali kwao, nikamwekea simu sikioni. Nikamwambia, wewe si unakijua Kifaransa, sikiliza utamu.

Alisikiliza. Mkono wenye tonge ukasimama katikati ya njia. Akausikiliza mpaka mwisho, mpaka kicheko changu.

"Yaya Kassim," akaniambia. Yaya kwao ni kaka mkubwa. "Hii wimbo unaisikiaka?"

"Kila siku, ndugu."

"Hapana. Minauliza maneno. Unasikia maneno?"

"Mulumba, mimi nimeishi Paris miaka saba."

Akanitupia sentensi ya Kifaransa. Nikasema oui. Akanitupia nyingine. Nikasema oui, oui.

Akarudisha tonge kwenye bakuli. "Yaya, nimekuuliza kama weye ni mbuzi. Umesema ndiyo. Nikakuuliza kama uko na hakika. Umesema ndiyo, ndiyo."

Siku nyingine ningecheka. Lakini uso wake haukuwa na mchezo.

Akachukua simu, akawa anaupiga mstari kwa mstari, anasimamisha, ananieleza, kama mtu anayemtoa mwenzake mwiba.

"Anasema, alikuwa na miaka kumi na tano. Alivaa nguo yake ya sikukuu. Alikwenda kuikala stesheni, ku quai namba sita, pale treni inasimamaka, ya kungojea mjomba. Mama iko mgonjwa nyumba. Mama anakatala kula. Anasema, mutumbo naiachia nafasi, kaka yangu anakuja na halua." Akasimamisha. "Halua ni nini, Yaya?"

Nikamwashiria aendelee.

"Treni inafika, batu banashuka, mjomba hapana. Treni ingine, mjomba hapana. Mpaka giza inaingia. Na pale mahali munarukaka na kupiga makofi, pale njo anauliza: Tonton, ulikuwa wapi? Tonton, ulikuwa wapi? Anauliza kila mara. Ku mwisho muziki inanyamaza, anauliza mara moja tu, polepole sana. Halafu..."

Sote tulijua kinachofuata. Niko hapa! Makofi basi!

"Hii haiko wimbo ya kucheza, Yaya. Hii njo kilio."

Akanisomea na maoni ya watu. Wengi wanauliza mzee anayecheka mwishoni ni nani. Mmoja kaandika kwamba kicheko kile kinamtia baridi mgongoni, kwamba hajapata kusikia mtu asiye na moyo kama yule. Nami hayo hayo maoni nilikuwa nimeyafungua wiki nzima, nayahesabu, sijui yanasema nini, nabusu skrini.

Basi na niseme, kwa kuwa Mulumba ameshajua na Jumatatu korido yote itajua. Paris sikuishi. Nilipokuja huku mara ya kwanza ndege ilitua pale, nikakaa uwanjani saa saba nikingojea nyingine. Kila nilivyosimulia, saa moja ikawa inageuka mwaka. Mwanaisha alijua. Dada yangu alikuwa na akili kuliko sisi wote nyumbani, na hakunifichua hata siku moja. Shamsa akiwa mdogo alikuwa akinyakua simu ananimwagia Kifaransa, nami oui, oui, halafu Mwanaisha anachukua simu anacheka chini chini: "Anakwambia jino limeng'oka, kaka. Mpe hongera." Nami natia hongera. Alinisitiri hivyo miaka yote.

Alipokufa, hakuna aliyebaki wa kuninong'oneza.

Kwa hiyo zile Ijumaa zote za pilau sijui mtoto alikuwa ananiambia nini. Nimejaribu kuyakumbuka maneno ya pale benchini stesheni nimpelekee Mulumba anifasirie. Hayaji. Kitu ambacho hukukielewa hakikai kichwani, kinapita kama maji ya mfereji. Aliniuliza jambo, akahakikisha kwa mara ya pili, nikamwambia ndiyo. Sijui nilikubali nini.

Kuhusu ile Jumamosi ya Lille, niliyongojewa stesheni nisifike, sababu yangu mnaijua. Niliiandika hapa mwaka juzi, kwenye ile hadithi ya daktari aliyezimia: kwamba hospitali ilinishika mkono isiniachie, wagonjwa wangekufa, na kwamba halua nilimpa msafiri mmoja ikapotelea mikononi mwake. Mwanaisha alifariki Jumatano iliyofuata. Nilifika Ijumaa kwa ndege, na tai shingoni, kaburi limeshafunikwa. Watu wakanipa pole. Nikawasimulia habari ya daktari.

Mulumba aliniambia neno moja tu tulipokuwa tunarudi kazini: "Mutoto amekuuliza. Enda umujibu."

Leo nikaenda. Treni mpaka mjini, nyingine mpaka Selly Oak. Njia nzima naupanga mdomo. Mlango akafungua yeye mwenyewe, amefunga kitambaa kichwani, nyuma yake maboksi. Hakunikaribisha, hakunifukuza.

"Shamsa, mwanangu, ile Jumamosi hospitali ilikuwa..."

"Hospitali nilipiga simu, Tonton."

"Lini?"

"Siku ile. Kwa Kiingereza ya shule. Mtu alisema, Kassim iko likizo."

Miaka saba mtoto anajua, anakula pilau yangu, ananiacha nisimulie.

"Nilikuimbia mara kumi na tisa," akasema. Kiswahili kilikuwa kinamtoka kimoja kimoja, kama mtu anayeteremka ngazi gizani. "Nilikuangalia. Nilifikiri, anasikia yote na anacheka. Nikasema sawa, ile kicheko ndiyo jibu yake. Nikaweka kwenye wimbo."

Hapo ikanibidi. Nikamwambia sijui Kifaransa.

"Kidogo?"

"Hata kidogo."

Akaketi juu ya boksi. Akacheka, jamani, akacheka kicheko cha mama yake kabisa, mabega yakipanda. Halafu mabega yakaendelea kupanda na kicheko kikawa kimekwisha. Nilitaka kumshika kichwa. Sikuthubutu kuvuka kizingiti.

Alipotulia akasimama. Akajifuta uso kwa mikono yote miwili, akaja akasimama mbele yangu karibu kabisa.

"Basi nakuuliza Kiswahili. Mjomba, ulikuwa wapi?"

Mjomba. Hakuwahi kuniita hivyo.

Angalieni nilivyopewa. Mlango wazi, swali la maneno mawili, kwa lugha niliyonyonya. Nikafungua kinywa. Nikajisikia mwenyewe nikisema, "Treni ziligoma, mwanangu. Zote. London nzima."

Aliyekaa jukwaa namba sita mchana kutwa akizitazama treni za London zikiingia mojamoja ni yeye. Na mimi nikamwambia ziligoma.

"Sawa, Tonton," akasema. Akafunga mlango polepole, kama unavyofunga mlango wa chumba alicholala mtoto.

Nilisimama pale mpaka miwani ikajaa maji ya mvua. Njia ya mwongo ni fupi, alikuwa akisema mama yetu. Yangu imekuwa ndefu, nimeitembea miaka mingi, na imeishia kwenye kibaraza cha nyumba ya wanafunzi.

Sasa Shamsa, najua simu yako italia nikibonyeza hapa. Soma polepole. Ukikwama, mpe Mulumba, namba yake nimekutumia. Kwa mdomo siwezi, mdomo wangu umeshazoea njia zake. Vidole havijazoea kudanganya sana.

Nilikuwa London. Nilikuwa stesheni ya treni inayokuja kwenu, tangu saa mbili asubuhi, nimevaa suti. Tikiti mfukoni, ile aliyoninunulia mama yako mwenyewe ili nisipate kisingizio. Kopo la halua nimelipakata magotini. Niliisimamia ikipikwa kwa Mama Hodan, yule Msomali wa Mombasa, kwa sababu mama yako alitaka yenye iliki nyingi na isiyoungua chini.

Kando yangu kulikuwa na baba mmoja na binti yake mdogo. Akamwambia, sasa hivi treni itaingia handakini, tutapita chini ya bahari, bahari yote itakuwa juu ya vichwa vyetu na meli zake na samaki wake. Mtoto akapiga makofi. Mimi nikalikumbatia kopo. Mimi mtoto wa reli, mtengeneza breki kwa kijiko. Nilijiona mle chini, gizani, na maji yote yale juu yangu. Wakatuita tupande. Yule mtoto akapanda, amemshika baba yake kidole. Mimi nikasema nitaomba wanibadilishie ya pili. Ya pili ikaondoka. Nikasema ya tatu. Sikumwambia mtu. Simu ya mama yako iliita mara nne, nikaiangalia tu.

Niliogopa, Shamsa. Ndiko nilikokuwa.

Na hilo si lote, maana wimbo wako una halua ndani yake, na hakuna msafiri niliyempa. Ilipofika alasiri njaa iliniuma. Nikafungua kopo. Nilikusudia kijipande cha pembeni tu, ambacho mama yako asingekitambua. Kisha nikasawazisha upande wa pili ulingane. Kisha nikasawazisha tena.

Niliila yote. Pale pale benchini, yeye akiiachia nafasi tumboni, niliila yote na vidole nikalamba.